Yule Mpigaji wa Hyderabad

Mwanangu mpenzi,

Assalaam aleikum. Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Mara ya tatu mamako alikuwa kando yangu, naye akanikataza kukupigia, eti kwenye simu mimi huwakata watu maneno kabla hawajamaliza. Kweli. Basi naandika.

Nimekuelewa hivi. Tangu umalize masomo ya ukunga umekaa wodi ya wazazi miezi minane tu. Wakakuhamishia kliniki ya chanjo, kisha stoo ya dawa, na sasa wanataka uende dawati la bima kwa kuwa "wewe ni mwepesi kushika". Ukikataa wataona una maringo. Ukikubali, unaogopa mikono yako itasahau kazi. Halafu mwisho kabisa ukauliza, nusu mzaha: "Na yule Laxman wako, Baba, aliyekuwa akisukumwa huku na huko, yeye alifanyaje?"

Nilicheka, maana sikujua kama unamkumbuka. Ulikuwa na miaka saba. Lakini swali si la mzaha hata kidogo, na nimelala nalo siku mbili.

VVS Laxman ni mtu wa Hyderabad, kusini ya kati ya India. Wazazi wake wote wawili ni madaktari, na yeye mwenyewe alikuwa kijana wa vitabu aliyeelekezwa huko huko kwenye udaktari, akachagua kriketi. Mji wake una sifa ya wapigaji wanaotumia vifundo vya mikono. Hawapigi mpira kwa nguvu za mabega. Wanauacha ufike karibu kabisa, halafu wanaugeuza kama mtu anayefungua mlango kwa ufunguo. Mohammad Azharuddin alikuwa hivyo, na Laxman akaja hivyo hivyo, ila yeye ni mrefu na mtulivu zaidi. Mzee wa saa, yule Mgujarati wa karibu na Biashara Street aliyenifundisha mchezo huu wakati mimi nilikuwa kijana wa kupandisha namba za bati kwenye ubao wa matokeo, alikuwa akisema Laxman hana haraka kwa sababu mpira wenyewe humsubiri.

Aliingia timu ya taifa Novemba 1996, Ahmedabad, dhidi ya Afrika Kusini. Katika mechi hizi za siku tano kila timu hupewa zamu mbili za kupiga, na hesabu ya pointi huitwa mikimbio. Zamu ya pili akapiga mikimbio 51, na India ikashinda. Hapo ungedhani mambo yamekwisha nyooka. Lakini tazama waliokuwa wamekalia nafasi za katikati: Sachin Tendulkar, Azharuddin, Rahul Dravid, Sourav Ganguly. Nani utamwambia ainuke ampishe mgeni? Hakuna. Ila nafasi ya kufungua zamu ilikuwa na shida, basi wakamtuma huko.

Sasa nikueleze kazi ya mfunguzi, maana ndiyo bima yako hiyo. Mfunguzi hukutana na mpira mpya, mgumu, unaong'aa, unaoyumba hewani, na warushaji ambao hawajatoka hata jasho. Ni ufundi wake peke yake. Mtu wa katikati huingia mpira umechakaa kidogo, na wazungushaji wameanza kazi. Laxman alikuwa mtu wa katikati tangu utotoni. Kuanzia 1997 wakamfungulisha. Hakushindwa moja kwa moja, na hapo ndipo penye mtego, mwanangu. Kolkata, Machi 1998, alifungua dhidi ya Australia akapiga 95, yeye na Navjot Sidhu wakajenga 191 kabla ya wiketi ya kwanza kuanguka, yaani kabla ya mpigaji wa kwanza kutolewa. Siku kama hiyo huwafanya wakubwa waseme: si unaona, anaweza! Halafu mechi nyingi zinapita anatolewa mapema, anaachwa nje, anarudishwa, anafungulishwa tena. Wewe pia stoo ya dawa uliipanga vizuri mno. Ungeiharibu kidogo leo ungekuwa wodini. (Nafanya mzaha. Usiharibu kitu cha watu.)

Januari 2000, Sydney. India walikuwa wanapigwa vibaya, na mechi ile walishindwa kwa zamu nzima na mikimbio 141 juu yake. Lakini katika zamu ya pili Laxman, akiwa mfunguzi, alipiga 167. Timu nzima ilipata 261. Hakuna mwenzake aliyefika hata 30. Mtu akipiga 167 kwa kufungua, tena dhidi ya Australia ile, kila mtu angesema afungue maisha.

Yeye akasema hapana. Mwaka ule ule wa 2000 alifikia uamuzi kwamba hatafungua tena. Atacheza katikati, au asichezeshwe.

Najua utasema: naam, Baba, basi nami nikatae. Ngoja kwanza. Angalia alichokuwa nacho mkononi. Msimu ule wa 1999/2000 alicheza ligi ya ndani, Ranji Trophy, kwa ajili ya Hyderabad, akapiga mikimbio 1,415. Mia zake, yaani zamu alizofikisha mikimbio mia au zaidi, zilikuwa nane. Moja ya hizo, dhidi ya Karnataka kwenye nusu fainali, ilifika 353. Hakukataa mikono mitupu. Alikataa akiwa na daftari lililojaa, na hakukataa kwa kelele wala kwenda kwa waandishi wa habari kulia. Pia alikubali gharama yake. Hakuna aliyemwahidi kwamba nafasi ya katikati itapatikana. Ingeweza kuishia hapo.

Sasa nikupeleke Machi 2001, Kolkata tena, uwanja wa Eden Gardens. Hii ndiyo unayoikumbuka wewe, ya mimi kupotea nyumbani.

Australia ya nahodha Steve Waugh ilikuwa imeshinda mechi 16 za siku tano mfululizo. Wakapiga 445. India wakaishia 171, Laxman akiwa wa mwisho kutolewa kwa 59 akitokea nafasi ya sita. Pengo la 274, na kwa sheria Waugh akawaambia India: pigeni tena, hapo hapo. Laxman alikuwa amerudi ndani, hajavua hata kinga za miguuni, kocha John Wright akamwambia asizivue: safari hii anaingia wa tatu. Nafasi ya tatu ilikuwa ya Dravid. Dravid akashushwa hadi ya sita.

Mzee wa saa alikuwa na televisheni ndogo juu ya kabati la saa za ukutani. Kolkata wako mbele yetu kwa saa mbili na nusu, kwa hiyo kwetu mchezo ulianza asubuhi na kuisha mchana. Mimi nilikuwa karani wa duka la vipuri mtaa wa pili. Jumatano ile, siku ya nne ya mechi, nilitoka "kupeleka risiti" mara sita. Kila nikirudi kwa mzee wa saa nawakuta wawili wale wale: Laxman na Dravid. Kabla ya chakula. Baada ya chakula. Wakati wa chai yao. Walipiga kutwa nzima, wakaongeza 335, na hakuna wiketi iliyoanguka. Shane Warne, bingwa wa kuzungusha mpira, alikuwa akiurusha kwenye nyayo zilizochimbika nje ya mguu wa mpigaji, mahali ambapo mtu mwenye akili huzuia tu na kuomba dua. Laxman alikuwa anashuka kwa hatua mbili anaupiga kulia, na mpira ujao ule ule, kutoka pale pale, anaupiga kushoto. Na mgongo ulikuwa ukimuuma tangu kabla ya mechi. Mzee wa saa alikuwa na saa ya mteja mkononi, imefunguliwa tumbo, na hakuigusa mpaka mchezo ukafungwa.

Siku ya tano Laxman alitolewa kwa 281. Wakati ule hakuna Mhindi aliyewahi kufika hapo katika zamu moja ya mechi ya siku tano. Rekodi ilikuwa 236 ya Sunil Gavaskar. Wawili wale walikuwa wamejenga 376. India wakafunga zamu kwa 657, kisha Harbhajan Singh akawazungusha Australia mpaka wakaisha kwa 212. Katika historia yote ya mchezo huo, ilikuwa mara ya tatu tu kwa timu iliyopigishwa tena kushinda.

Miaka mingi nimekuwa nikisimulia siku ile kama hadithi ya Laxman. Swali lako limenifanya nimwangalie yule aliyesimama upande wa pili.

Dravid alikuwa kinyume chake. Hakujua kukataa. Walimwambia asimame nyuma ya wiketi kudaka mipira, kazi isiyo yake, akadaka miaka kadhaa hadi Kombe la Dunia. Walimwambia afungue, akafungua. Siku ile Kolkata walimnyang'anya nafasi yake ya tatu mbele ya watu wote, akiwa katika mfululizo mbaya na magazeti yanamsema, akaingia wa sita na kupiga 180. Alipofika mia aliwanyooshea waandishi gongo lake la kupigia, yeye ambaye kwa kawaida hata sauti hapandishi. Kwa hiyo yule aliyekataa na yule aliyekubali walisimama pamoja kutwa nzima, na ukimwondoa mmoja, mechi inapotea. Nilitaka nikuambie "kataa, mwanangu", barua iishe. Nikifika kwa Dravid kalamu inasita.

Wala usidhani kwamba baada ya Kolkata walimtandikia Laxman mkeka. Mwaka 2003 walimwacha nje ya kikosi cha Kombe la Dunia, wakamchukua Dinesh Mongia. Unakumbuka Kombe lile? Ndilo letu, Kenya tulipofika nusu fainali Durban. Tulikaa barazani kwa ami yako, Steve Tikolo akapiga 56, na India wakatutoa kwa mikimbio 91, Ganguly akiwa na mia yake. Nilikuwa nimevaa kijani na rohoni nasikitika kwa mtu mmoja wa upande wa pili ambaye hata hakuwepo. Laxman amecheza mechi 134 za siku tano, lakini Kombe la Dunia hakucheza hata mechi moja. Baadaye alikiri kwamba kuachwa kule kulimfanya afikirie kuacha mchezo. Hakuacha. Desemba mwaka ule ule, Adelaide, India wakiwa na wiketi nne chini kwa 85 huku Australia wana 556, akajenga 303 na nani? Na Dravid. Wakashinda. Januari 2004 akafikisha mia mara tatu kwenye mechi za siku moja kule kule Australia, mchezo uleule waliosema haumfai.

Kuna mechi moja dhidi ya Australia, ya Mohali huko India, 2010, ambayo naipenda kuliko hata ya Kolkata, usimwambie mtu. Walitafuta 216 na wiketi nane zilikuwa zimeanguka kwa 124. Mgongo umemkaza, hawezi kukimbia, kijana mwingine anakimbia kwa niaba yake. Anasimama na Ishant Sharma, mrushaji, mtu wa kupiga kwa bahati tu, wanajenga 81. Ikabaki wiketi moja, Pragyan Ojha akachelewa kukimbia, na Laxman, mtu mpole kuliko wote, akamfokea hadharani na gongo juu. Mamako aliiona ile akasema, "Kumbe ana ulimi!" Walishinda kwa wiketi hiyo hiyo moja.

Aliaga Agosti 2012, akiwa ameshachaguliwa kwa mechi ambayo ingechezwa nyumbani kwake Hyderabad siku chache baadaye. Watu wake walitaka wamshangilie mara ya mwisho. Akasema moyo umemwambia imetosha. Mikimbio 8,781, mia 17. Hata mechi ya kuagwa hakuitaka.

Sasa wewe. Mimi kule dukani nilikubali kila nilichopewa kwa miaka 31: ukarani, stoo, kudai madeni, hata kuendesha gari siku dereva hayupo. Sikuonewa, nisiseme uongo. Lakini sikuwahi hata siku moja kumwambia tajiri ninataka nini, kwa hiyo hakujua, na nilipostaafu alinisifu kwa jambo ambalo sikulipenda kamwe. Wewe umemwambia matroni? Si malalamiko ya kwenye korido na wenzako. Umeketi mbele yake ukasema: mimi ni mkunga?

Kabla hujaenda, fanya hivi. Una lile daftari la chuo na la miezi minane ya wodini. Hesabu akina mama uliowazalisha kwa mikono yako. Hesabu usiku uliokuwa peke yako na daktari yuko mbali. Hesabu wale waliovuja damu na ukaizuia. Andika namba tu, usiandike sifa. Na uliza kama unaweza kushika zamu mbili za usiku wodini kila mwezi hata ukiwa kwenye hiyo bima, mikono isilale.

Nitumie hizo namba Alhamisi kabla ya magharibi, nizisome kwanza. Mamako anasema ukija Idi ulete ile kanga yake uliyoiazima harusini, anajua unayo.

Babako