"Cercle de Dori": duara, mkoa au wilaya?

Swali: Natafsiri makala ya Kifaransa kuhusu historia ya Burkina Faso. Palipoandikwa "cercle de Dori" niliweka "duara la Dori". Mhariri amelikata, akaandika "mkoa wa Dori". Sijaridhika. Lipi sahihi?

Jibu: Mhariri amefanya vema kuliondoa duara, ila mkoa nao haufai. Andika wilaya.

Ni kweli maana ya kawaida ya "cercle" ni duara. Lakini katika Afrika Magharibi ya Wafaransa lilikuwa neno la serikali. Gavana mkuu alikaa Dakar; chini yake yalikuwa makoloni, kila moja na gavana wake; koloni likagawanywa katika "cercle", kila moja chini ya ofisa Mfaransa; kisha kantoni zenye machifu Waafrika, na mwisho vijiji. Ofisa huyo alisimamia kodi na kazi za kulazimishwa, na hadi 1946 aliweza kumfunga Mwafrika bila kumfikisha mahakamani. Wazee wa Tanganyika wangemtambua mara moja: ndiye Bwana Shauri, na ofisi yake ndiyo boma.

Mkoa utakukwamisha ukifika Mali. Baada ya uhuru wa 1960, nchi hiyo ilibaki na "cercle" zake, zikiwa chini ya "région". Ukishalitumia mkoa kwa "cercle", "région" utaiitaje?

Cheo cha ofisa huyo, "commandant de cercle", nacho kina mtego. Usiandike "kamanda wa wilaya", maana msomaji wetu atamwona polisi. Cheo kilianza na wanajeshi, lakini jina likabaki hata raia waliposhika kazi. "Mkuu wa wilaya" latosha.

Nasisitiza ngazi hizi kwa sababu historia ya Dori yenyewe imejaa kuhamishwa. Koloni la Volta ya Juu (Burkina Faso ya leo) liliundwa 1919, likavunjwa 1932, wilaya zake zikagawiwa majirani. Ouagadougou ilikwenda Côte d'Ivoire, ambako mashamba ya walowezi yalihitaji vibarua, Ouahigouya ikaenda Sudan ya Kifaransa (ambayo ni Mali ya leo, si Khartoum, tafadhali mweleze msomaji), Fada N'Gourma na sehemu kubwa ya Dori zikapewa Niger. Koloni lilirudishwa 1947, na Dori ikarudi nalo. Wilaya ya Say, iliyohamishiwa Niger tangu miaka ya 1920, haikurudi. Mwaka 2013 Mahakama ya Kimataifa ya Haki huko The Hague ilipoamua mpaka wa Burkina Faso na Niger, ilirejea amri ya kikoloni ya 1927 iliyoweka mpaka wa makoloni hayo mawili. Kwa hiyo ukichanganya koloni, mkoa na wilaya, msomaji hatajua ni mstari upi uliogeuka mpaka wa nchi.

Mara ya kwanza andika: "wilaya ya Dori, iliyoitwa cercle kwa Kifaransa". Baada ya hapo, wilaya tu hadi mwisho wa makala.