Kaseti ya baba na jiwe la zahanati

SWALI: Jambo, Mama. Niko Katuba, hapa Lubumbashi. Marehemu baba alikuwa akipiga video za sherehe. Aliniachia kaseti ya VHS ya 1988: wakubwa wanaweka jiwe la msingi la zahanati ya mtaa wetu. Zahanati haijajengwa mpaka leo, makuta (pesa) yaliliwa. Natengeneza filimu juu ya jambo hilo. Naweza kuweka picha hizo huku sauti yangu ikieleza wizi? Tena, kaseti inatoka bila rangi. Imekufa?

JIBU: Haijakufa, mwanangu. Televisheni ya Zaïre ilitumia SECAM, mfumo mmoja wa rangi za video; PAL ni mfumo mwingine. Kaseti ya SECAM kwenye mashine inayojua PAL tu hutoka nyeusi na nyeupe. Tafuta mashine inayosoma zote mbili. Lakini kwanza inua kifuniko cha kaseti utazame utepe: ukiona unga mweupe wa ukungu, usiucheze hata mara moja, mpelekee fundi. Rangi ikirudi, iache. Bila rangi mtazamaji atadhani ni mambo ya wakati wa Wabelgiji, na wakubwa wako wa 1988 watapona.

Sasa lile zito. Kaseti inaonyesha jiwe, mwiko wa mwashi na watu wanaopiga makofi. Wizi haumo. Wizi unathibitishwa na bajeti, risiti, barua, na mashahidi. Congo Hold-up, uchunguzi wa waandishi wa habari wa 2021 juu ya pesa za umma zilizoibwa Congo, ulisimama juu ya hati za benki milioni 3.5.

Nasema kwa uchungu. Zamani nilikuwa nafanya montaji (kukata na kuunga picha) ya filimu ya ufisadi. Sauti iliposema "pesa zililiwa", nikaweka picha ya mzee aliyesimama nyuma ya mkubwa mmoja. Alikuwa dereva. Binti yake alikuja mpaka kwenye meza yangu ya kazi, akaniuliza baba yake alikula nini. Nilikosa jibu. Tuliikata upya, lakini mtaa mzima ulikuwa umeshaiona.

Kwa hiyo andika tarehe na mahali juu ya picha. Nyamaza, uache hotuba isikike yenyewe, na ahadi yao itoke mdomoni mwao. Na ile sura ya Rais Mobutu ikishuka kutoka mawinguni kabla ya habari za televisheni, usiibandike. Kila filimu ya rushwa inayo. Mtaa wako uko kwenye kaseti ya baba yako tu.

Ruhusa: kwa sheria ya 1986 ya haki za watunzi, haki ya baba imewafikia warithi wote, basi ndugu zako watie saini. Bendi ikisikika ikipiga wimbo wa mtu, pita SOCODA, shirika la Congo la haki za watunzi.

Halafu mtafute aliyeshika mwiko siku ile. Kama yu hai, mwonyeshe kaseti yote pamoja na karatasi zako, kamera ikiwa wazi, umpe muda wa kujibu. Watafute pia waliosimama nyuma yake, uwajue kazi zao kabla hujaziweka sura zao.