Picha za mchanga za Willi Baumeister: mbona wangu unapukutika?

SWALI: Mwalimu shikamoo. Niko Tanga, nachora picha za kisasa zile zisizo na umbo la kitu chochote. Nimeona kazi za yule Mjerumani Willi Baumeister zina mchanga na mistari kama imechanwa na kitana. Nikajaribu, nikapaka rangi ya mafuta kwenye kanvasi nikamwaga mchanga wa baharini juu, baada ya muda mchanga unapukutika na rangi inapasuka. Yeye alifanyaje? Na ni kweli Wanazi walimkataza kuchora?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Hapo ulipomwaga mchanga juu ndo tatizo lilipoanzia, maana punje inashikwa kwa chini tu. Mchanga unachanganywa ndani ya kitu cha kuushika kabla haujagusa picha, kila punje ilowe.

Baumeister haya mambo alikuwa nayo mkononi toka ujana. Amezaliwa Stuttgart 1889, na kabla hajawa mtu wa maonyesho alijifunza ufundi rangi kabisa, ule wa kupaka na kuremba nyumba, ndo akaenda kusoma kwa mchoraji Adolf Hölzel pamoja na rafiki yake Oskar Schlemmer. Na kitana unachokisema ni kifaa cha mafundi rangi wa Ulaya, wanakipitisha kwenye rangi mbichi mlango uonekane una nyuzi za mbao. Kwahiyo baada ya vita ya kwanza alipotoa zile picha zake za ukuta, zenye puti na mchanga na sehemu zilizoinuka, alikuwa anatumia ujuzi wa kazi ya mikono, na mi naona hapo ndo nguvu yake ilipo, wengi wanaiga muonekano tu.

Sasa wewe fanya hivi. Mchanga wa baharini una chumvi na chumvi inavuta unyevu, uoshe kwa maji baridi mara kadhaa, anika, chekecha. Achana na kanvasi, inacheza ukiigusa na tabaka nene haliwezi kufuata, tumia hadibodi au plaiwudi, piga praima mbele NA nyuma isije ikajipinda. Changanya mchanga na midia ya akriliki, ule ute wa akriliki usiotiwa rangi, mpaka uwe uji mzito, gundi nyeupe ya mbao inashika ila kwa joto na unyevu wa pwani inalainika. Paka tabaka jembamba, likauke, ongeza lingine. Kitana pitisha likiwa bado bichi. Rangi ya mafuta inaweza kuja juu ya akriliki iliyokauka vizuri, akriliki juu ya mafuta usithubutu.

Kuhusu Wanazi, ni kweli walimbana. 1933 walimfukuza kazi ya ualimu Frankfurt aliyoianza 1928, 1937 kazi zake zikatundikwa Munich kwenye yale maonyesho ya kudhalilisha sanaa ya kisasa, na 1941 akapigwa marufuku kuonyesha kazi. Kilichomwokoa ni ufundi uleule, Kurt Herberts mwenye kiwanda cha rangi Wuppertal alimchukua, na Schlemmer pia, wakafanya utafiti wa mbinu za rangi za kale na za kisasa. Huku nyumbani akiendelea kuchora kimyakimya, 1942 akatoa hadi mfululizo alouita picha za Kiafrika, na 1943 hadi 1944 mabomu yakianguka akaandika kitabu chake kuhusu kisichojulikana katika sanaa, kikatoka 1947. 1946 alishakuwa profesa Stuttgart, na 1950 kule Darmstadt akasimama hadharani kuitetea sanaa ya kisasa dhidi ya hoja za mwanahistoria Hans Sedlmayr. Mtu alonyamazishwa miaka yote ile! Alifariki 1955, bado anachora.

Ile picha inayopukutika usiifunike na vanishi ukidhani itashika, vanishi inaziba juu tu huku chini kunaendelea kuachia. Kwangua sehemu zilizolegea zote, na kama rangi imepasuka mpaka kwenye kitambaa anza upya kwenye ubao.