Je, Tokyo Story inastahili sifa zake? Jibu la mtu aliyesinzia mara mbili

Ndugu uliyeuliza, umesema kwamba usingizi ulikuchukua katikati ya Tokyo Story, ukashangaa kwa nini filamu hiyo inasifiwa kiasi kile, na ukaomba kusikia kutoka kwa mtu aliyeimaliza bila kujifanya mjuzi. Mimi niliimaliza, ingawa kwa siku mbili na kwa kusinzia mara mbili, na jibu langu halitaegemea upande mmoja, kwa sababu hadi leo sijaafikiana na nafsi yangu kuihusu.

Kwa wasioijua, ni filamu ya Kijapani ya mwaka 1953, isiyo na rangi, yenye urefu wa dakika 136, iliyoongozwa na Yasujiro Ozu. Wazee wawili, Shukichi na mkewe Tomi, wanasafiri kwa treni kutoka mji wao wa Onomichi kwenda Tokyo kuwaona watoto wao. Mmoja ni daktari, binti yao Shige ana saluni, na wote wawili wametingwa na kazi. Anayewapa wazee muda wake ni Noriko, mjane wa mtoto wao aliyekufa vitani. Wazee wanaanza safari ya kurudi, mama anaugua njiani, na akishafika nyumbani anafariki. Nimekusimulia karibu yote wala sijakuharibia kitu, kwa maana filamu yenyewe haina siri inayoificha.

Mwaka 2012 waongozaji wa filamu waliopigishwa kura na jarida la Uingereza la Sight & Sound waliiweka ya kwanza kuliko zote, na sifa hiyo ndiyo iliyonifanya niiombe kwa mwenzangu aliyekuwa nayo kwenye flashi. Nilikosea kuianza Jumamosi usiku, baada ya kushinda dukani. Sisi tuliokulia kwenye vibanda umiza, yaani vibanda vya kuonyeshea video, vya hapa Mbeya, ambako mtafsiri alizungumza tangu mwanzo hadi mwisho na hata farasi alimpa maneno ya kusema, hatukuzoeshwa kimya cha namna hii. Mtu anasema "ndiyo", mwingine anaitikia "ndiyo", kisha tunaonyeshwa mabomba ya moshi ya kiwanda au nguo zilizoanikwa. Mke wangu aliniuliza kwa upole kama kompyuta imeganda. Nilisinzia kabla wazee hawajapelekwa Atami, mji wa mapumziko ulio pwani, na sioni haya kulisema, kwa kuwa naamini filamu ingepunguzwa dakika 20 za mwanzo bila kupoteza kitu chochote.

Jumapili niliendelea, na jambo la kwanza lililonivuta ni dogo sana. Kamera karibu muda wote imewekwa chini, kwenye kimo cha mtu aliyeketi mkekani, na karibu haisogei kabisa. Nililelewa Makete, ambako mwezi wa saba baridi huwafukuza watu wote kwenda jikoni kwenye moto wa kuni, na sisi watoto tulikaa chini kabisa, nyuma ya magoti ya wakubwa, tukisikiliza mazungumzo yao ya kwenda na kurudi kuhusu viazi, mvua na wagonjwa. Nikagundua kwamba nimeketi mahali pale pale. Zile "ndiyo, ndiyo" zilizoniudhi usiku wa kwanza hazikuzidi salamu za babu yangu, ambaye alikuwa hajafika kwenye shida iliyomleta kabla ya kuulizia mifugo yako yote.

Kisha kuna Shige. Mumewe ananunua keki nzuri kwa ajili ya wakwe zake, naye Shige analalamika kwamba ni za bei kubwa mno kwa wazee wale na kwamba biskuti za kawaida zingetosha. Wakati huo huo anazila. Mke wangu alicheka kwa sauti. Baadaye Shige na kaka yake wanachangishana fedha za kuwapeleka wazazi kwenye hoteli ya Atami, penye chemchemi za maji moto, kwa kuwa ni nafuu kuliko kukaa nao. Vijana wanacheza kamari na kuimba hapo usiku kucha, wazee wamelala macho wazi, na asubuhi wanaketi kwenye ukuta wa bahari wakikubaliana taratibu kwamba sasa inatosha, warudi kwao. Wanapotokea saluni kabla ya siku zao, mteja anamuuliza Shige ni akina nani, naye anajibu kwamba ni watu anaofahamiana nao kutoka shamba.

Hapo sikucheka. Miaka michache iliyopita wazazi wangu walishuka kutoka Makete kuja kwangu hapa Mbeya ili baba apimwe macho. Walikuja na gunia la viazi, na neno la kwanza nililolitamka mbele ya gunia lile ni kwamba viazi tunavinunua hapo Uyole tu, walijisumbua bure. Siku ya tano, kabla yeyote kati yao hajataja kuondoka, nilikuwa nimekwisha kuwakatia tiketi ya basi la Jumamosi, kwa kuwa Jumatatu ningepokea mzigo wa mabati na chumba walicholala ndicho ninachotumia kama stoo. Baba alizipokea tiketi, akazikunja mara mbili, akaziweka kwenye mfuko wa shati, akasema nimefanya jambo la maana kwa sababu hata wao walikuwa wanawaza kuondoka. Wazee wa filamu hii nao wanaambiana kwamba watoto wao ni wema kuliko watoto wa watu wengi. Katika hali ya kawaida ningeipita sentensi hiyo bila kuisikia, lakini polepole ile niliyoilaani usiku uliotangulia ilinilazimisha kuketi nayo.

Hata hivyo, bado nina manung'uniko. Noriko ni mwema kupita kiasi. Kila tukio anatabasamu, na mwongozaji amempa nafasi ambayo Shige hakupewa: hana mtoto, hana mume wa kumhudumia, hana wateja wanaosubiri, na wazee wanapitia tu kwake. Ni kweli kwamba mwishoni anamwambia baba mkwe wake kuwa yeye si mwema kama anavyodhaniwa, na kwamba zipo siku zinazopita bila kumkumbuka marehemu mumewe. Kauli hiyo ilinituliza kidogo, ila ilichelewa mno. Pia nilihisi nimepunjwa pale mama anapougua kwenye treni, kwa sababu hatuonyeshwi. Tunasikia tu habari yake kutoka kwa mtoto mwingine aliye Osaka. Mke wangu alinipinga kwa kuniuliza ni msiba gani wa Makete ambao sisi hatukuupata kwa simu baada ya mambo kuisha.

Jambo ambalo sijalimaliza ni lile la nguo. Mara baada ya mazishi, wakiwa bado mezani, Shige aliyekuwa akilia kwa uchungu wa kweli anaomba apewe nguo fulani za mama yake. Watazamaji wengi humhukumu hapo na kumwita hana moyo. Kwetu nguo za marehemu hugawiwa, na mtoto wa kike kupata kitenge cha mama yake ni haki yake. Anachokosea Shige ni haraka, kwa kuwa jambo hilo husubiri siku ya kumaliza matanga na huzungumzwa na wakubwa, tena mtu hajipangii mwenyewe. Nimelirudia tukio hilo mara tatu na kila mara naona binti anayetamani kubaki na kitu cha mama yake huku akiwahi treni.

Kwa hiyo, ndugu yangu, usilazimike kuipenda. Ukitaka kuijaribu tena, ianze mchana, gawanya mara mbili, na ukifika kwenye keki zile usisinzie. Mimi sidhani kama nitairudia yote.