Filamu ya kutetea haki ianzie kijijini

Kijana mmoja wa Malindi ameniandikia: "Kaka, nataka kutengeneza filamu za kutetea haki. Ninunue kamera gani?" Yoyote, mdogo wangu, hata ya simu. Pesa iliyobaki nunua maiki nzuri, maana upepo wa kaskazi hauna huruma. Ninayo mengine ya kukuambia.

Nilipoanza kuwarekodi wazee wa Kilifi wanaosingiziwa uchawi, kila mtu aliniuliza filamu itaenda tamasha gani. Hakuna aliyeuliza kama itaonyeshwa Ganze, huko huko Kilifi. Na mambo ya huko unayajua: mvi ni hatari, wengine hupaka nywele rangi wasinyooshewe kidole. Ukichimba kidogo unakuta shamba halijagawanywa na vijana wana haraka. Sheria ya Uchawi, ya tangu 1925, inamtia hatiani anayemwita mwenzake mchawi asipoyapeleka madai yake kwa wenye mamlaka kama chifu au polisi. Nani kijijini ameambiwa hivyo?

Shirika moja lilinilipia mafuta, likachukua picha zangu na kuzifanya video ya dakika tatu: machozi, piano, nambari ya kuchangia. Habari ya shamba ikafutwa yote. Jina langu pia. Bado inaniuma, sifichi.

Basi nikahariri yangu. Ilipokamilika, wa kwanza kuiona alikuwa mzee mwenyewe niliyemrekodi, kwenye laptopu, kibarazani kwake. Akaniambia, "Mwanangu, hapo ninapomtaja mkaza mwanangu paondoe. Ndiye anayenipikia." Kilikuwa kipande bora kuliko vyote. Nikakiondoa.

Kisha tukatundika shuka jeupe kati ya minazi miwili, jenereta tukaiweka mbali isimeze sauti. Watoto walicheka kila walipoona mbuzi wao. Ilipofika sehemu ya mashamba, kicheko kikakatika, na mama mmoja akasimama: "Chifu, hili shamba hati yake ina jina la nani?" Chifu alikuwa kiti cha mbele, ikabidi ajibu mbele ya watu wote. Baadaye ukoo ulikaa kikao, na mzee, aliyekuwa akijificha usiku kwa jirani, akarudi kulala kwake. Niambie ni tamasha gani litakupa hilo!

Kwa hiyo vijana, anzeni na wenye shida. Waonyesheni kwanza, wasikilizeni, wakisema toa, toeni. Watu si malighafi. Leseni ya kurekodi ombeni Kenya Film Commission, na kabla ya maonyesho ya hadhara pitieni KFCB, bodi ya kuainisha filamu. Msiichukulie kimzaha, ndiyo iliyoipiga marufuku I Am Samuel, filamu ya maisha halisi ya Mkenya anayempenda mwanamume mwenzake, mwaka 2021. Na shirika likikuletea mkataba, tafuta kwanza kifungu cha umiliki wa picha. Mimi siku hizi nikiona "haki zote ni za mfadhili" nafunga begi langu naondoka, hata kama chai imeshamiminwa.