Ufunguo wa swichi ya kinu ukae mfukoni mwako

Kazi nyingi za kinu cha nyundo, kile cha kusagia unga mtaani, ni fupi: chekeche limetoboka, nyundo zimelika, mkanda umelegea. Ndiyo maana fundi mgeni huona tabu kwenda hadi kwenye mein swichi. Anabonyeza kitufe chekundu cha stata, kile kisanduku cha kuwashia mota, anafungua mfuniko, anaingiza mkono.

Kitufe chekundu kinaachisha kontakta tu, swichi ya sumaku iliyo ndani ya stata. Upande umeme unakoingilia, fezi zote tatu, yaani nyaya tatu za moto, bado zina umeme, na mtu yeyote akigusa cha kijani mota inaondoka. Hatari zaidi ni LUKU, umeme wa kulipia kabla, ikiisha, kwani wengi hudhani huo ndio wasaa wa matengenezo. Mwenye mashine anaingiza tokeni huko nje, na kinu kilichoungwa kwa swichi ya mkono bila stata, swichi ikiwa imeachwa juu, kinaanza kuzunguka papo hapo.

Kwa hiyo acha kinu kimalize mahindi, zima, shusha mein swichi, kisha piga kufuli kwenye mpini wake. Ufunguo ni mmoja, na msumari wa ukutani si mahali pake. Mpini hauna tundu? Swichi ikishashuka, chomoa fyuzi zote tatu, tembea nazo. Mafundi wawili, makufuli mawili. Penye jenereta, swichi ya kubadilishia nayo ifungwe ikiwa kwenye sifuri. Tundika kadibodi yenye jina lako na saa uliyoanza, maana mteja aliyechoka kusubiri na debe lake huwa mwepesi wa kugusa swichi.

Sasa pima, na usipime kwa bisibisi ya tesita. Chukua mita, iweke kwenye AC, kipimo kinachozidi volti 400, uijaribu kwanza kwenye soketi yenye umeme. Kwenye nyaya zinazoingia stata, pima fezi kwa fezi mara tatu, halafu kila fezi na nyutro, kila fezi na ethi. Rudi tena kwenye soketi: mita iliyokatika waya haionyeshi volti hata kwenye umeme mkali.

Umeme umekwisha, lakini rota, mhimili unaobeba nyundo, bado inazunguka. Iache isimame yenyewe. Usiizuie kwa ubao, na uitazame puli badala ya kusikiliza sauti. Ikisimama, ikaze kwa kabari ya mti. Ukishatoa nyundo za upande mmoja, upande uliobaki ni mzito na unashuka wenyewe, vidole vikiwa kati ya nyundo na chekeche. Kuigeuza rota kwa kuvuta mkanda ni kosa jingine la kila siku: mkanda unaingiza kidole kwenye puli hata kwa mwendo wa taratibu. Shika miguu ya puli, ile inayotoka katikati hadi ukingoni.

Kabla ya kurudisha umeme toa kabari, hesabu spana, rudisha kinga ya mkanda, na kila fundi afungue kufuli lake mwenyewe. Washa kinu kikiwa kitupu. Kikitetemeka, kizime ukapime uzito wa nyundo zinazotazamana.