Njia ya kufika kwenye jazi-roki hupitia bendi ya hoteli

Vijana wanaonijia na gitaa la besi begani, wengi wao wakitoka Majengo, Kisauni na Likoni, huniuliza swali lile lile: mtu atafikaje kwenye jazi-roki, yaani jazi iliyochanganywa na roki, akiwa Mombasa, ambako kazi iliyopo ni kuwapigia watalii wakati wa chakula cha jioni na kuchezesha watu harusini? Nyuma ya swali hilo pana dhana kwamba kazi ya hoteli ni kifungo na kwamba mwenye kipaji hana budi kuikwepa. Nimejipatia riziki katika bendi za hoteli, kuanzia Diani hadi Bamburi, kwa sehemu kubwa ya maisha yangu, na nina hakika kwamba anayeikwepa kazi hiyo hukosa mafunzo ambayo hatayapata kwa kutazama video.

Mpiga besi ambaye kila kijana humtaja ni Mmarekani Jaco Pastorius, na karibu wote humhesabu kuanzia mwaka 1976, alipotoa albamu yake ya kwanza na kujiunga na Weather Report, kundi la jazi-roki la Marekani. Hupenda sana kisa cha yeye kumwendea Joe Zawinul, kiongozi wa kundi hilo, mjini Miami na kujitambulisha kuwa ndiye mpiga besi bora duniani. Aliyesema maneno hayo, hata hivyo, alikuwa amekulia pwani ya Florida, mahali pa watalii na meli kama hapa kwetu. Alianza na drams, akaziacha baada ya kuumia kifundo cha mkono akicheza mpira, akahamia besi. Alioa na kupata mtoto angali kijana mdogo, kwa hiyo hakuwa na nafasi ya kuchagua kazi: alipiga kwenye meli za watalii zilizokwenda Karibi, na mwaka 1972 akazunguka na bendi ya muziki wa soul ya Wayne Cochran, wakisafiri kwa basi na kupiga usiku baada ya usiku. Ile besi yenye noti fupi zinazofuatana kwa kasi bila kupoteza mwendo, ambayo baadaye ilisikika katika Weather Report, ilipikwa huko, mbele ya watu waliotaka kucheza tu.

Kazi ya kila usiku hufundisha kwa sababu nyimbo hazibadiliki. Ukiupiga ule wimbo wa kukaribisha wageni, ambao sina haja ya kuutaja kwa kuwa kila mtu wa Pwani anaujua, utauchoka upesi. Lakini kwa kuwa mkono hauhitaji tena kukumbuka chochote, sikio linapata nafasi ya kushughulikia jambo moja dogo. Jambo ninalopendekeza ni mwisho wa noti. Legeza kidole cha mkono wa kushoto bila kukiondoa juu ya uzi, ili sauti izimike pale pale fimbo inapogonga drams ndogo, kisha usiku unaofuata iache noti ipite kidogo pigo hilo. Mgeni aliye mezani hatajua umefanya nini, ila mguu wake chini ya meza utajua.

Jambo la pili ni chakacha, ngoma ya harusi ya Pwani. Pastorius hakuona haya kuchukua mapigo ya Karibi yaliyomzunguka. Albamu yake ya kwanza inafunguliwa na Donna Lee, kipande cha jazi kinachojulikana sana kwa Charlie Parker, nacho amekipiga kwa besi akisindikizwa na ngoma za konga peke yake. Sisi tuna ngoma za chakacha, yaani vumi, msondo na chapuo, tumezisikia tangu tungali migongoni mwa mama zetu, na bado kijana huja kwangu akiwa amekariri solo za watu wa Marekani bila kuweza kushika mwendo wa sita kwa nane harusini. Anza na vumi, kwa kuwa ndiyo yenye sauti ya chini kama besi yako. Isikilize inapokaa kimya, kisha jifunze kuyahesabu mapigo sita mara mbili-mbili na tatu-tatu bila kubadilisha kasi. Kuvuka kutoka hesabu moja hadi nyingine katikati ya wimbo ni jambo ambalo wapiga jazi-roki wengi hulitolea jasho, nawe umezaliwa nalo. Bendi ya Them Mushrooms, iliyoanza mwaka 1972, ilijijengea jina katika hoteli zetu kwa kuchanganya ladha za hapa na muziki wa nje, wala sioni kwa nini mlango huo uwe umefungwa.

Kuhusu chombo chenyewe nitasema machache. Hewa ya chumvi huziua nyuzi kabla ya wakati wake, kwa hiyo zifute kwa kitambaa kikavu kila ukishuka jukwaani, na usiliache gitaa kwenye gari lililofungwa juani. Anayetaka kung'oa freti, vile vyuma vinavyokatiza shingo ya gitaa, kama Pastorius akumbuke kwamba ubao mtupu huliwa na nyuzi za chuma zilizosokotwa. Yeye aliukinga kwa gundi ngumu inayopakwa mashua. Tafuta fundi anayejua shingo ya gitaa, wala usijifundishie kazi hiyo kwenye besi yako ya pekee.

Ufukweni, ambako hakuna ukuta wala dari ya kurudisha sauti, utahisi besi imemezwa na bahari na utashawishika kuongeza sauti nzito. Usifanye hivyo. Uzi wenye sauti ya chini kabisa, ukiachwa wazi, hutetema takriban mara 41 kwa sekunde, na spika ndogo za hoteli haziwezi kuubeba. Utapata mngurumo tu. Ongeza sauti za kati, punguza za chini, na noti zitasikika hadi meza ya mwisho.

Riziki hii ina misimu. Wageni hupungua masika, na Ramadhani harusi husita, kwa hiyo weka akiba Desemba na uitumie miezi hiyo kujifunza kusoma noti, maana mtu anayesoma ndiye anayeitwa wakati mpiga besi wa bendi nyingine anapougua ghafla.

Tena kuna pombe, ambayo mara nyingi hutolewa bure kwa wanamuziki na wenye baa wanaokawia kulipa. Pastorius alipatikana mwaka 1982 na ugonjwa wa akili unaompandisha na kumshusha mtu kupita kiasi, na ulevi ukauzidisha. Alifikia kulala nje, na tarehe 21 Septemba 1987 alifariki akiwa na umri wa miaka 35, baada ya kupigwa na mlinzi wa klabu moja huko Florida. Ukimwona mwenzako katika bendi hapati usingizi usiku kadhaa mfululizo, anazungumza bila kituo na kugawa pesa ovyo, msimcheke wala msiseme ana mashetani. Zungumzeni na watu wa nyumbani kwake na mmpeleke hospitali mapema, kisha mwekeni mtu wa kumshikia nafasi kwa muda, mkikubaliana naye waziwazi kwamba mwenyewe akipona atarudi kwenye besi yake.